Nani Atakwenda Kumchukua Nani

Jumatatu, 5 Agosti

Asubuhi nyumba ilikuwa na watu watatu. Jioni hii ina mtu mmoja na kuku. Mtu ni mimi.

Niandike kwa mpangilio. Tante Emerance ni dada wa Papa, fundi wa nguo hapa Kamembe. Maman Véro ni mtu wake. Majirani wanasema "wale ba-associés", yaani washirika wa biashara. Kanisani wanasema "wale madada". Mimi naishi nao tangu niingie sekondari na nina macho: ni mke na mke. Ofisi ya sekta haiwezi kuwaandika, sheria ya ndoa inataka mwanamume na mwanamke. Basi wakajiandika wenyewe. Siku moja ya sikukuu ya Asunsyo, Maria kupalizwa mbinguni, zamani kidogo, Tante alikata kitenge kimoja akatoa magauni mawili. Wakayavaa, wakala kwenye sahani moja, ikawa imekwisha. Kila Asunsyo wanayavaa tena.

Leo asubuhi Maman Véro amerudi kutoka Bukavu, kwao ng'ambo ya mpaka, na gauni lake limekunjwa ndani ya kikapu. Alikuwa amemwazima Chloé, mdogo wake, alivae kwenye ubatizo. Tumboni pana doa la mawese, kubwa kama chapati.

Tante hakupiga kelele. Afadhali angepiga. Aliuliza tu gauni hilo lilishonwa kwa ajili ya nani. Maman Véro akajibu kwamba nguo ni nguo, na sabuni ipo. Tante akauacha mkono wa shati la mteja kwenye mashine, sindano ikiwa bado ndani, akafunga mzigo, akaenda kwa mama yake huko Mururu.

Maman Véro akapika kwa hasira. Akala kwa hasira. Akaosha sahani kwa hasira. Kisha akasema: kwani yeye alizaliwa na mti? Hana mama? Naye akafunga mzigo, akavuka mpaka, akaenda kwao Nguba, Bukavu.

Hapa lazima nieleze. Kwetu mke akichoshwa na mumewe hufunga mzigo na kurudi kwa wazazi. Kinyarwanda tunasema kwahukana. Hajaachika. Ameenda kungoja. Mume anajikaza siku kadhaa, halafu anakuja na pombe ya ndizi, wazee wanamsema mpaka masikio yanapata moto, pombe inanyweka, mke anarudi kwake. Ng'ambo kwa Bashi, kabila la Maman Véro, ni hivyohivyo. Mpango mzuri kabisa. Ila unataka mmoja aondoke na mmoja abaki.

Hawa wote wawili wameenda kungoja. Na kila mmoja anaamini mwenzake yuko hapa nyumbani, amekaa na kiburi chake.

Nimepika sombe, yale majani ya muhogo, ya watu watatu. Nimekula ya watu watatu.

Jumanne, 6 Agosti

Tumbo. Sombe nyingi.

Nilipokuwa nimelala chali nikasoma makala kwenye simu, kwa Kifaransa, halafu nyingine kwa Kiingereza ili niwe na hakika. Huko Uholanzi wanawake wanaruhusiwa kuoana tangu kabla sijazaliwa. Na wanaachana zaidi kuliko wanaume waliooana wao kwa wao. Kuna mchoro. Mstari wa wanawake uko juu. Wataalamu wana maelezo: labda wanawake wanafunga ndoa upesi, labda hawavumilii ndoa ikiharibika. Hakuna aliyetaja mawese.

Nimechora mchoro wangu wa Kamembe. Ndoa za namna hiyo ninazozijua: moja. Wenye ndoa waliobaki nyumbani: hakuna. Mstari umetoka nje ya karatasi, umefika mezani.

Mpango wa kwanza: kuwatisha kwa sayansi. Nimewatumia wote wawili ile makala.

Tante alipiga simu. Sauti kavu. Akasema hashangai hata kidogo. Bale batu ba Ulaya, mke akikasirika akaenda kwao, nani anaendaka kumuchukua? Hakuna. Wanatumiana mawakili. Kisha akauliza, kama mtu anayeuliza bei ya chumvi, huyo mwenye kiburi amekula? Nikasema amekula.

Maman Véro aliandika: "Bale beko na karatasi ya kuachana. Siye hatuna hata ya kuoana. Tutaachana na nini?" Baada ya muda akauliza kama huyo mwenye kiburi anakumbuka kufunga mlango wa nyuma. Nikasema anakumbuka.

Uongo mara mbili kabla ya chai. Lakini nimefurahi mpaka nimecheza peke yangu jikoni. Wanaulizana habari! Kupitia kwangu, sawa, lakini wanaulizana.

Jumatano, 7 Agosti

Papa amepiga simu kutoka Bugarama, kinu cha mpunga kinanguruma nyuma yake. Atakuja kututembelea Jumamosi baada ya Asunsyo. Akasema, kwa upole wake ule wa hatari, kwamba akikuta nyumba ina matatizo nitahamia kwake na kumalizia shule huko. Bugarama. Joto mpaka kuku wanatembea mabawa wazi. Na sitaki kwa sababu nyingine ambayo naiandika mara moja tu: hapa ndipo watu hunisikia hata nisiposema kitu.

Nikapanda Mururu kumwambia Tante ukweli. Kutoka uani kwa Koko Mukabera, bibi yangu, unaiona Bukavu yote ng'ambo ya mto Ruzizi, mabati yanameta. Tante amegeuza kiti chake kielekee huko. Anasema anaangalia mawingu. Hakukuwa na wingu.

Nilikuwa nimeshafungua mdomo. Koko akanitangulia, anachambua maharage, anaongea na maharage zaidi kuliko na sisi. Akasema nyumba ikibaki na mtu ndani, hiyo ni hasira tu. Nyumba ikibaki tupu, hiyo ni talaka, na hapo hata pipa zima la pombe halirudishi kitu.

Nikafunga mdomo. Nikasema nimekuja kusalimia.

Nimerudi Kamembe mbio, nimeingia ndani, nimefunga mlango, nimekaa. Kwa hiyo mimi ndiye ndoa. Mimi na Masera, kuku wetu mweupe, aliyepewa jina hilo, yaani sista, kwa sababu anatembea kama mtawa anayekwenda misa. Nimemweleza hali. Amepanda kwenye mashine ya kushona na kulala.

Ijumaa, 9 Agosti

Mpango wa pili: kupeleka pombe mwenyewe. Jerikani moja Mururu kwa jina la Maman Véro. Jingine Nguba kwa jina la Tante. Kila mmoja atajua amekuja kuchukuliwa, atarudi, watakutana hapa, wataona haya, watasameheana. Sioni kasoro.

Kizuizi ni Christophe-Aimé. Ni mtoto wa kaka yake Maman Véro, ana mwaka mmoja kunizidi, na anaongoza protokole, wale wa kupokea na kupanga wageni, kwenye harusi za parokia yao. Anavaa tai hata akienda kuchota maji. Nilimpigia aniandalie njia. Akasema hana haraka. Shangazi yake anawakaangia sambaza, dagaa wa ziwani, kila siku, yeye mwenyewe amenenepa mpaka shingoni. Nikauliza, na yeye Maman Véro anakula? Akasema hapana, anakaanga tu.

Halafu akarudia sauti yake ya harusi. Anayekuja kumchukua mtu kwao anakuja na pombe na hotuba. Pombe bila hotuba ni biashara. Na hotuba ataitoa nani? Wewe, Nshuti? Si wewe uliyejificha chini ya meza walipokuomba ubariki chakula?

Ni kweli. Nilikuwa chini ya meza. Kulikuwa na baridi nzuri.

Nimemwambia nitakuja Jumanne.

Jumamosi, 10 Agosti

Niyonsenga, jirani yetu wa chini, ndiye mwenye pombe nzuri ya ndizi. Hapendi ahadi. Anapenda kuku.

Nilimwomba basi tuhesabu kwamba nimemwazima Masera tu. Akasema kuku siyo gauni, haazimwi. Mtaa mzima unajua habari ya gauni.

Majerikani mawili. Masera aliondoka kwapani mwa Niyonsenga bila kugeuka. Sasa ndoa ni mimi peke yangu.

Jumapili, 11 Agosti

Mururu. Jerikani nimelifunga utepe wa kitenge kutoka kwenye kapu la vipande vya Tante. Koko aliita jirani mmoja awe shahidi, akaonja, akafumba macho. Akasema ina maji kidogo lakini ina adabu. Akauliza kwa nini Véronique hakuja mwenyewe. Nikasema ana haya. Koko akasema hiyo ndiyo inatakiwa.

Tante hakugusa pombe. Alifungua ule utepe, akauzungusha kidoleni. Ni kitenge cha magauni yao. Nilikivuta bila kuangalia, naapa. Akasema polepole: kumbe alienda kwenye kapu langu akakitafuta. Akaingia ndani. Nikamsikia anaimba wimbo wa kwaya, sauti ya pili tu, ya kwanza huimbwa na Maman Véro.

Atarudi Alhamisi, siku ya Asunsyo. Nilishuka kilima nikiruka mitaro.

Jumatatu, 12 Agosti

Hotuba. Nimetafuta video za kujifunzia. Hakuna mtu anayepiga video mke akienda kuchukuliwa kwao, watu wana aibu. Video zote ni za kuposa: wazee, fimbo, maneno matamu. Nimejifunza kutoka hizo, nitabadilisha sehemu ndogondogo.

Nimefanya mazoezi mbele ya sanamu ya kupimia nguo. Haina kichwa, kwa hiyo hainitazami. Nimeongea vizuri sana.

Jumanne, 13 Agosti

Sijui nianzie wapi. Nimefanya jambo kubwa na sikukusudia hata nusu yake.

Mpakani afisa aliuliza jerikani ni la nini. Nikasema ni la familia. Akauliza familia gani. Nikakumbatia jerikani. Mama mmoja wa samaki nyuma yangu akamwambia aniache nipite, kwani haoni mtoto anataka kuzimia? Nikapita.

Nguba walikuwa wamejipanga. Mama Bashige, mama yake Maman Véro, katikati. Yeye siku zote anamwita Tante "Madame mushonaji". Hajawahi kuuliza zaidi na hakuna aliyewahi kumweleza. Chloé mlangoni. Maman Véro nyuma ya pazia, vidole vya miguu vinaonekana. Christophe-Aimé na tai yake. Akatangaza kwamba mgeni ana neno.

Wote wana vichwa. Sikuwa nimelifikiria hilo.

Nikafumba macho. Sehemu ndogondogo za kubadilisha zote zikaruka. Ikatoka ile ya video, nzima, kama ilivyo. Nikasema tumetoka mbali, tumeona ua zuri katika bustani yenu. Nikasema nimetumwa na mtu wetu Emerance, binti wa Mururu, fundi, mtu asiyelala na deni la mtu. Anaomba binti yenu Véronique awe wake, mbele ya wazazi, mchana kweupe. Nikasema na ng'ombe tumekuja naye.

Nikafumbua macho. Hata Christophe-Aimé mdomo wazi.

Mama Bashige akauliza ng'ombe yuko wapi.

Nikasema yuko mpakani, karatasi zake zinashughulikiwa.

Wote wakatikisa kichwa kwa huruma. Ni familia ya wafanyabiashara, wanajua mpaka.

Mama Bashige akalivuta jerikani karibu naye. Nikahesabu maua ya kitambaa cha meza. Halafu akasema: "Miaka yote hii nilingojea muntu akuje aniulize. Hata kwa jerikani." Akasema wamesikia, Alhamisi watamleta. Akasema binti wao yupo, hajaharibika, na kwao hapa alikuwa na mama. Chloé akapiga vigelegele. Pazia likaanza kulia.

Nilipotoka Christophe-Aimé alinisindikiza mpaka darajani. Akasema hotuba ilikuwa na makosa ya utaratibu. Akasema hakuwahi kusikia nzuri kama hiyo. Akakasirika kwamba amesema hivyo, akageuka.

Alhamisi, 15 Agosti. Asunsyo

Asubuhi Tante akafika, amevaa gauni lake. Akauliza mwenziwe yuko wapi. Nikasema amekwenda misa. Akakaa mbele ya mlango, amenyooka kama sindano.

Mchana Maman Véro akatokea kwenye kona. Gauni lake mwilini, doa mbele. Mzigo kichwani. Nyuma yake Mama Bashige, Chloé, na tai.

Tante akautazama ule mzigo. Akauliza: mtu aliyebaki nyumbani anarudije na mzigo?

Maman Véro akauliza: mtu aliyekuja kuposa anaulizaje swali kama hilo?

Wote wakanigeukia. Nikaenda nyuma ya sanamu. Siyo rahisi kujificha nyuma ya kitu kisicho na kichwa.

Christophe-Aimé akaeleza yote, kwa mikono. Tante akanyanyua kidole, akamsimamisha katikati. Mimi nimeposa? Wewe, akasema Maman Véro, mbele ya mama yangu. Na ng'ombe. Tante akamtazama Mama Bashige, na kwa mara ya kwanza nilimwona anaogopa mtu. Mama Bashige akamwambia: "Jibu nilishalitoa, mwanangu. Sisi hatujibu mara mbili."

Mwanangu. Siyo Madame mushonaji. Tante akakaa juu ya meza ya pasi, nguo na yote. Maman Véro akaanza kucheka, halafu Tante, halafu wakalia, halafu tena wakacheka, na mimi nikatoka nyuma ya sanamu nikiwa mtu mwenye akili kuliko wote wilaya ya Rusizi.

Tante akashona mfuko juu ya lile doa. Hakumvua, alipiga magoti akashona palepale. Maman Véro akasema angalia usinichome. Tante akasema tulia basi. Wakala kwenye sahani moja. Sikutazama. Nilitazama kidogo.

Kisha Maman Véro akatoka nje kutafuta yai. Akarudi taratibu. Akauliza: Masera yuko wapi?

Ijumaa, 16 Agosti

Wamekuwa kitu kimoja. Kitu kimoja dhidi yangu. Mmoja anaanza sentensi ya kunigombeza, mwingine anaimaliza. Mwenendo wa ndoa Kamembe umepanda ghafla na mimi niko chini yake.

Wamekwenda wote wawili kwa Niyonsenga kumchukua Masera kwao. Na sambaza za kukaanga. Na maneno ya adabu. Niyonsenga, eti, alijifanya anakataa kwanza, kwa heshima. Wamemrudisha kuku kwa wimbo, sauti ya kwanza na ya pili.

Adhabu yangu: kumalizia mkono wa lile shati la mteja. Nimeushona kwenye mfuko.

Jumamosi, 17 Agosti

Papa alikuja akakuta nyumba imejaa. Wageni wa Bukavu hawajaondoka bado. Akaridhika. Hakuna Bugarama! Kisha Mama Bashige akamuuliza, kwa kuwa ni kaka wa mposaji, karatasi za ng'ombe zimefikia wapi. Papa akanitazama. Nikaenda jikoni.

Na jikoni nikamkuta Chloé amevaa blauzi yangu ya bluu. Ile Tante aliyonishonea nilipofaulu mtihani. Anapika sombe ndani yake. Mawese karibu.

Nikaenda kuuliza, kwa sauti ndogo, blauzi hiyo ilishonwa kwa ajili ya nani. Tante alikuwa amekaa, Maman Véro anamsuka. Wakatazamana. Wakasema pamoja, kama kwaya: nguo ni nguo. Na wakacheka mpaka kitana kikaanguka.

Vizuri. Nina heshima yangu. Nimefunga mzigo.

Naandika haya nikiwa kwa Niyonsenga, kwenye benchi lililo nje. Nyumba haikubaki tupu, kwa hiyo hii ni hasira tu. Sipigi simu. Anayeondoka hapigi. Kuku alichukuliwa siku ya sita, na mimi si kuku.

Niyonsenga anauliza nitalala wapi. Nimemwambia asiuze jerikani la mwisho, kuna watu watalihitaji kesho asubuhi, watakuja na hotuba.

Tante ametuma ujumbe: sombe inapoa. Huo si ujumbe wa kumchukua mtu kwao. Sijibu. Ila nimesogeza benchi kidogo, nione mlango wetu. Naangalia mawingu.